Barua ya uhamisho ibanwe na hati ya malipo

Ndugu Mhariri,

Kwa miaka mingi nimelisoma gazeti lako na kulikunja bila kukuandikia neno. Habari ya Jumanne iliyopita, ya kiongozi aliyetangaza kwenye mkutano wa hadhara kwamba watumishi wazembe wa wilaya yake atawahamishia vijijini, imenishinda kuvumilia. Mwandishi wako aliipokea kauli ile kana kwamba ni hatua ya nidhamu, wala hakumwuliza wanakijiji wamekosa nini hata wapelekewe wazembe.

Uhamisho si adhabu. Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, pamoja na kanuni zake, imeweka utaratibu wa mashauri ya nidhamu: mtumishi hupewa hati ya mashtaka, hujitetea, na akipatikana na hatia anaweza kufukuzwa kazi, kushushwa cheo au kupunguziwa mshahara. Kuhamishwa hakumo. Mamlaka ya mwajiri kumhamisha mtumishi siyabishii; lakini Kanuni za Kudumu za mwaka 2009 zinataka anayehamishwa kwa manufaa ya umma alipwe nauli yake na ya familia yake, gharama za mizigo, posho ya kujikimu ya siku 14, na posho ya usumbufu ambayo ni asilimia 10 ya mshahara wa mwaka.

Mimi ni afisa kilimo wa kata. Katika halmashauri ambayo sitaitaja, nilikataa kutia sahihi orodha ya mgawo wa salfa, dawa ya mikorosho, kwa kuwa mifuko yenyewe sikuwa nimeiona kwa macho. Siku ya kumi na moja baada ya hapo, Ijumaa saa tisa alasiri, mhudumu wa masijala aliniletea barua ya kunitaka niripoti kata ya mbali kuliko zote ndani ya siku 7, kwa manufaa ya umma. Nilipouliza stahiki zangu, afisa utumishi, kijana aliyeniamkia kwa adabu zote, alinisogezea karatasi nyeupe na kalamu, akanishauri niandike kwamba nimeomba kuhama mwenyewe, maana kwa maombi binafsi halmashauri hailipi kitu na jalada langu lingepita haraka. Nilikataa. Nikahama kwa fedha za kukopa, juu ya lori lililokuwa limetoka kushusha saruji; kabati la mke wangu lilifika bila mlango mmoja, na kwa siku 19 tulilala katika stoo ya shule ya msingi, watoto wetu wawili wakijibana kando ya magunia ya mahindi ya uji wa wanafunzi. Deni ninaloidai halmashauri limehakikiwa mara 3. Kila timu ya uhakiki imedai nakala mpya ya barua ile ile, nami nimeitoa, nao wakaondoka na posho zao za safari, ambazo nasikia hazijawahi kuchelewa.

Na wanaoomba kuhama kwa dhati je? Jirani yangu mwalimu ameandika kwa miaka 5 akiomba kumfuata mumewe mkoa mwingine, na hujibiwa kwamba atafute wa kubadilishana naye, kwa kuwa kituo chake hakiwezi kuachwa wazi. Kituo changu cha zamani kilikaa wazi miaka 2, na hakuna aliyekosa usingizi.

Napendekeza, basi, barua ya uhamisho isiwe na nguvu mpaka ibanwe kwa pini moja na hati ya malipo, tena aliyeitia sahihi apande lori lile lile, akae juu ya kabati, asishuke mpaka mzigo wa mwisho uteremshwe. Akifika usiku asihangaike kutafuta malazi. Stoo ya shule bado ipo, na ufunguo anao mlinzi.

Afisa Kilimo wa Kata,
Kusini mwa Tanzania