YAH: KUFUNGIWA PROGRAMU YA AMPLIFAYA NILIYOINUNUA KIHALALI

Kwa Meneja wa Huduma kwa Wateja,

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Mwaka 2011 nilinunua kwenu programu ya kuiga amplifaya za gitaa, kwa leseni ya kudumu. Hilo neno "ya kudumu" ni lenu, limo kwenye risiti ninayoitunza hadi leo. Niliitumia miaka kadhaa, nikapata amplifaya yenyewe ya mbao na taa zake, programu nikaisahau.

Mwezi uliopita nilifukua rekodi zangu za wakati ule. Mnafahamu kwamba gitaa la kupitishwa kwenye programu hurekodiwa kavu, bila amplifaya, mlio wote hupikwa na programu baadaye. Bila programu yenu, solo iliyonikesha usiku kucha inasikika kama waya unaokwaruzwa kwa ukucha.

Kwamba programu hiyo ni ya biti 32, yaani ya muundo wa zamani, na kwamba kompyuta za Mac ziliacha kuzipokea programu za aina hiyo tangu mfumo wa Catalina mwaka 2019, simlaumu mtu. Nikatoa kabatini laptop yangu kuukuu, nikaisakinisha programu humo. Ikafunguka! Nobu zake za rangi ya maziwa, kitaa chekundu kikawaka. Halafu ikataka kuhakiki leseni mtandaoni. Kiduara kikazunguka weee, kikaishia "seva haipatikani". Tangu hapo, kila baada ya sekunde 30 sauti inakatika. Solo yangu ina sekunde 48.

Nimewaandikia mara tatu, na mara tatu nimejibiwa maneno yaleyale: seva ilizimwa, nunua toleo jipya kwa nusu bei. Toleo jipya nimelijaribu. Ni zuri, sikatai. Ila halisomi mipangilio ya zamani, na ile amplifaya ya chaneli mbili mmeiondoa. La zamani lilikuwa na kasoro yake: ukilikoleza sana kwenye rekodi ya hezi 44,100 (sauti hupimwa mara 44,100 kwa sekunde), milio inayovuka nusu ya hapo, hezi 22,050, hurudi chini ikawa kimluzi juu ya noti nyembamba. Mafundi wenu wamekiondoa, na wamefanya kazi nzuri. Lakini kimluzi hicho kimo ndani ya nyimbo zangu, nami nakitaka.

Siombi mnitengenezee chochote kipya. Programu ni nzima. Kilichokufa ni kufuli lenu, na ufunguo mmeondoka nao.

Naomba mnipe faili ya leseni isiyohitaji intaneti, au toleo la mwisho lililotolewa kufuli. Likishindikana hilo, nirudishieni fedha yangu yote, si punguzo la kununulia kitu kingine. Nasubiri jibu ndani ya siku 21, na tafadhali liandikwe na mtu aliyeisoma barua hii. Nakala ya risiti na namba ya leseni nimeambatisha.

Wenu,
Mteja tangu 2011