Kaka, huyo Noble Johnson wako alikuwa na mdogo wake

Kaka,

Huyo Noble Johnson, mwigizaji mweusi wa Hollywood ya zamani, unayemtoa kila tukibishana kuhusu vijisehemu unavyocheza huko Marekani, unamjua upande mmoja. Unaujua upande unaokufaa: kwamba alicheza filamu zaidi ya 140, tangu sinema bubu hadi 1950, kwamba alipata ugali wake Hollywood wakati mtu mweusi pale akipewa trei au ufagio, kwamba hakumwomba mtu radhi. Hayo umeyasema katika ujumbe wa sauti mrefu kama hotuba ya Ijumaa, na katika urefu wote ule jina la George, mdogo wake, halikukutoka mdomoni.

Nakujibu hapa hadharani kwa sababu simu yangu hupokei. Ya Shangazi unapokea.

Nianze na tusiyogombania. Noble alizaliwa Missouri mwaka 1881, akakulia Colorado Springs, mji uleule wa mwigizaji Lon Chaney, na wawili hao walijuana tangu utotoni. Baba yao kina Johnson alikuwa mfunzaji wa farasi wa mashindano. Noble aliiacha shule mapema akazunguka na farasi. Mwaka 1914 kampuni ya Lubin ya Philadelphia ilikuwa Colorado ikipiga filamu, mwigizaji mmoja akaumia, akatafutwa mtu wa miraba minne anayejua kukaa juu ya farasi. Wakamvika, wakampaka, akawa Mhindi Mwekundu. Kazi yake ya kwanza kabisa, na tayari ni mtu mwingine. Hapo ndipo unapocheka na kuniambia, "Ndiyo kazi yenyewe, mdogo wangu." Sawa. Ndiyo kazi yenyewe.

Ila miaka miwili baadaye, 1916, mtu huyohuyo alianzisha kampuni yake ya filamu, Lincoln Motion Picture Company. Kumbuka huo ni mwaka mmoja tu baada ya filamu ya The Birth of a Nation, ambamo mtu mweusi ni mnyama na Ku Klux Klan, kundi la wazungu wabaguzi, ndio waokozi, na Marekani ilipanga foleni kuitazama. Noble akawa rais wa Lincoln. Mwigizaji mwenzake, Clarence Brooks, akawa katibu. Mpiga picha alikuwa mzungu, Harry Gant. Na fedha? Nyingine zilitoka kwenye mshahara wa Noble wa Universal, studio kubwa ya Hollywood. Kule anacheza mtumwa na jambazi, anacholipwa anakileta huku, kwenye filamu ambayo mtu mweusi ana jina na ana nyumba ya kurudi.

Ya kwanza waliiita The Realization of a Negro's Ambition. Noble ni James Burton, kijana aliyehitimu uhandisi Tuskegee, chuo cha watu weusi, anaondoka shambani kwa baba yake kwenda California kutafuta kazi kwenye visima vya mafuta. Anakataliwa kwa rangi yake. Anamwokoa binti wa tajiri farasi walipochachamaa, anapewa kazi, anajifunza, kisha anagundua kwamba ardhi ya nyumbani kwao inafanana na ile yenye mafuta. Anarudi kuchimba kwao. Ni hadithi ya kizamani, najua, na huyo binti wa tajiri ungemkata kwenye mswada bila huruma. Lakini anarudi kuchimba kwao, Kaka.

Sasa George. George P. Johnson, mdogo wake Noble, alikuwa mfanyakazi wa posta Omaha, Nebraska. Filamu zilitengenezwa Los Angeles, yeye akazitafutia majumba ya kuzionyesha, baada ya saa za kazi, kwa barua. Majumba yaliyopokea watazamaji weusi yalikuwa machache na yametawanyika, na nakala za filamu zilikuwa za kuhesabika. Nakala ikikwama mji mmoja, mji unaofuata unakosa. George aliandikia wenye majumba, akatafuta mawakala miongoni mwa waandishi wa magazeti ya watu weusi, hata Chicago Defender, akaweka hesabu ya kila senti. Hakuna bango lililokuwa na sura yake.

Septemba 1918 Noble akajiuzulu. Inasimuliwa kwamba Universal ndio waliombana: mabango ya Lincoln yenye picha yake yalikuwa yakivuta watu kwenye vitongoji vya weusi kuliko filamu zao wenyewe alizomo yeye huyohuyo. Achague. Akachagua mshahara. Mwaka huohuo homa kubwa ya mafua ikafunga majumba ya sinema. Lincoln waliendelea kujikongoja bila yeye, Clarence Brooks akawa stelingi, wakatoa A Man's Duty mwaka 1919 na By Right of Birth mwaka 1921. Basi, mwisho.

Unaona kwa nini naona uchungu ukimtaja bila kumtaja mdogo wake?

Najua utasema mimi najifanya George. Sijifanyi. Mimi nafanya kazi ofisi ya wakala wa forodha, nagonga mihuri kwenye makaratasi ya makontena, na jioni nilikuwa naandika barua za kuomba kibali cha kupiga picha kwenye mashamba ya mkonge. Barua hizo nilikuwa naziandika kwa sababu wewe ulisema tufanye filamu ya manamba, wale vibarua wa mkonge. Ulisema Babu alitoka Kigoma kwa treni na kipande chake cha kazi mfukoni, akakata mkonge Tanga hadi mgongo ukapinda, na hakuna picha hata moja inayomwonyesha. Maneno yako hayo. Ulitukalisha na Mzee wa Mikanjuni ili ujifunze Kiha cha Babu kwa ajili ya sentensi chache tu, na ulikataa kupiga sehemu ya kisimani mpaka mzee aseme umepatia. Tulikula mihogo ya kukaanga tukikungoja. Sijawahi kumwona mtu akifanya kazi namna ile.

Halafu ukapata safari yako, ukasema utarudi likizo tumalizie.

Ulirudi kwenye hitma ya Baba. Si hilo ninalokulaumu, ulikuja, ulibeba, ulilipa. Ni usiku wa pili yake. Wageni wameondoka, tumebaki wenyewe uani, binamu wakakuomba uwaonyeshe filamu uliyocheza. Ukaleta kompyuta ukaiweka juu ya kinu. Shangazi alikuwa na ungo wa mchele, anachambua kwa mwanga wa taa ya ukutani, na miwani yake ya kamba. Ukatokea. Umeshika bunduki, umefungwa kitambaa kichwani, huna jina. Mzungu anapita, unamkemea kwa lugha. Sekunde chache. Watoto wakapiga makofi.

Shangazi akainua kichwa. "Hicho Kiha?"

Ukacheka. Ukamwambia, "Hapana Shangazi, hiyo si lugha. Waliniambia nitoe sauti yoyote."

Wote wakacheka. Shangazi naye akacheka kidogo kwa adabu, akasema, "Kumbe," akarudi kwenye mchele wake. Huyo ni binti wa manamba, Kaka. Alidhani mwanawe amekwenda na lugha ya baba yake hadi Marekani akaitia kwenye sinema. Kwa muda wa pumzi moja alikuwa ameshafurahi, nilimwona usoni, wewe ulikuwa unatazama kioo. Mimi niliinuka nikaenda kuosha vyombo vilivyokwisha oshwa.

Ndiyo maana hata King Kong siwezi kuitazama vizuri. Noble ndiye chifu wa kisiwa, 1933, manyoya kichwani, anamkatiza mzungu na kamera yake. Anasema maneno waliyoyabuni watu wa studio, nahodha wa meli anatafsiri, anadai inafanana na lugha ya kisiwa cha Nias. Chifu anataka kubadilisha wanawake sita kwa mwanamke mmoja mwenye nywele za dhahabu. Mwaka mmoja kabla, kwenye msitu uleule wa maboksi wa studio ya RKO, maana filamu mbili hizo zilishirikiana mandhari na hata waigizaji, alicheza The Most Dangerous Game. Humo ni Ivan, Mrusi wa Kikosaki, amepakwa weupe, na mwenye nyumba anamweleza mgeni wake kwamba Ivan ni bubu. Upande mmoja bubu, upande mwingine lugha ya kubuni. Mtu aliyezungumza kama James Burton!

(Tulia, najua Burton alikuwa wa sinema bubu. Unanielewa.)

Nisiwe mchoyo lakini. Nilizitafuta zake nyingi nikazitazama usiku hadi usiku, na nitakuambia jambo ambalo wewe hukulisema katika ule utetezi wako wote: alikuwa mzuri mno. Mtazame kwenye The Mummy, yule Mnubi. Hana la kufanya isipokuwa kutii, na bado ukimtoa chumba kinapwaya. Kwenye Moby Dick ya 1930 ni Queequeg, mbele ya John Barrymore, naye hatetereki. Mwana wa mfalme wa Bara Hindi kwenye The Thief of Bagdad, chifu wa wala watu kwa Buster Keaton, Ijumaa wa Robinson Crusoe, Uncle Tom, zombi kwenye The Ghost Breakers, na mwaka 1949, ameshakaribia miaka 70, chifu Red Shirt kwa John Ford. Alikuwa maji ya kunde, na filamu za nyeusi na nyeupe zilimfanya awe wa kabila lolote walilotaka. Hakuna hata mojawapo aliyoifanya kivivu. Anasimama kama mtu ambaye farasi wanamsikiliza. Nilikuwa namwona yeye, nakuona wewe kisimani.

Ila angalia kilichobaki. Chifu yupo, amesafishwa, anang'aa, mtoto yeyote mwenye simu anaweza kumwona leo usiku. James Burton hayupo. Filamu alizocheza Noble kwa ajili ya Lincoln zimepotea, na By Right of Birth, ambayo yeye hayumo, imebaki dakika chache. Tunamjua Burton na mafuta yake kwa sababu karani wa posta hakutupa karatasi. George alikusanya miaka na miaka, si ya Lincoln tu, ya sinema ya watu weusi kwa jumla: barua, vipande vya magazeti, mabango. Mkusanyo wake uko chuo kikuu cha UCLA, Los Angeles, hukohuko unakokaa wewe. Umeniambia unapita pale kwa basi. George alifariki 1977. Noble akafuata Januari 1978, huko Yucaipa, akiwa ameshastaafu tangu 1950.

Kwa hiyo ushauri wangu, kama bado unapokea ushauri wa mdogo wako. Chukua kazi. Chukua mlinzi, dereva wa teksi, haramia, kodi ya nyumba hailipwi kwa heshima. Lakini wakikuambia utoe sauti yoyote, sema Kiha. Hawatajua, na haitawagharimu chochote. Sema hata "amahoro", amani. Ungefanya hivyo bila kumuudhi mtu na bila kupoteza senti, na Shangazi angelia. Hilo si jambo kubwa kwa mtu aliyewahi kuwangojesha wenzake wapige shoti saba kwa ajili ya irabu moja.

Na usinijibu tena habari ya kamera. Ndiyo, nusu ya fedha ilikuwa yako. Ndiyo, niliiuza. Wewe unasema nilizika filamu. Nakuuliza, ingefufuka na nani? Vijana wote walitaka kujua unarudi lini, nikawaambia likizo, likizo ikapita, nikawaambia nyingine, wakaanza kuniona mimi ndiye mwongo. Kodi ya kile chumba ilikuwa juu yangu. Fundi wa sauti alikuwa anadai, na alikuwa anadai mimi, kwa sababu mimi ndiye anayeonekana sokoni. Kamera ilikuwa inaota kutu, unaijua hewa ya Tanga. Nikaiuza, nikalipa watu, risiti ninazo. Kama kuna mtu anadhani niliila, aje nimwonyeshe faili. Hata hapa nadhani nimeshasema mengi, wasomaji hawakuja kusikiliza madeni yetu.

Diski yenye filamu yetu sikuiuza. Ulipoomba vile vipande vya kisimani uweke kwenye picha zako za kuwaonyesha mawakala huko, nilikujibu vibaya, na nakujibu hivyohivyo leo: havitumwi. Ni kazi pekee duniani ambamo wewe ni mjukuu wa mtu, na hutaikata sekunde 20 ili mtu aone unavyojua kukunja uso. Ukiitaka, ipo hapa nzima. Mzee wa Mikanjuni bado yuko hai, masikio ndiyo yamepungua, inabidi umsemee karibu. Kijana mmoja wa ofisini kwetu ana kamera nzuri kuliko ile na hatatudai. Zimebaki sehemu ya treni na sehemu ya kipande. Nywele usizikate, maana kwenye sehemu tulizopiga ulikuwa nazo ndefu, na njoo kabla ya masika.