Kuku Yuko Siku ya Kumi na Nane

Busia, Jumanne jioni, 14 Aprili

Somo yangu Mama Zaituni,

Asalaam alaykum. Habari za siku nyingi? Watoto hawajambo? Baba Zaituni mgongo umemwachia? Huku hatujambo, Alhamdulillahi. Mvua imeanza vizuri, matope mpaka mlangoni, na Swaibu ndara yake moja imechukuliwa na mfereji kwa hiyo anakwenda na yangu. Salamu ulizompa Mama Mdogo wa Dabani zilinifikia. Nilizipokea, nikanyamaza.

Tangu Agosti sijakuandikia neno. Na zile simu zako mbili za Desemba niliziona. Nilikuwa nimekaa na simu mkononi inalia, jina lako liko pale, na sikushika. Naomba radhi kwanza, halafu nikueleze.

Ile laki mbili uliyonitumia ya kuku, somo, iliisha yote. Kuku walikufa. Walikuwa ishirini na watatu, wakaisha ndani ya siku sita. Ilianza na yule tetea mwekundu niliyekuambia habari zake. Jioni alisimama ukutani, manyoya yamevimba, hataki hata mtama. Kulipokucha shingo imepinda, kinyesi kijani, anahema kwa mdomo. Nilikimbia duka la dawa za mifugo, yule kijana akaniambia, "Mama, hicho ni kideri, kikishaingia hakina dawa, ilitakiwa chanjo kabla." Ilitakiwa kabla! Nilikuwa nimenunua bati, nimenunua wavu, nimenunua vyombo vya maji, na chanjo nikasema nitaichanja mwezi ujao. Shimo tulichimba usiku nyuma ya migomba, Swaibu akinishikia taa. Nilifukia pesa yako kwa mikono yangu mwenyewe. Basi ningeanzia wapi kukupigia?

Nilijiambia nitakupigia siku nikiwa na kitu cha kukupa. Miezi ikapita. Chapati zikawa zinauzwa za kula tu. Mchana nikikaa pale karibu na foleni ya malori namtazama kila anayepita, na moyoni sitaki kutumaini chochote, maana nilikuwa nimechoka kutumaini. Hata watu wakisema "Inshallah kesho" naitikia kwa mdomo tu.

Sasa nikuambie kilichonifanya nichukue kalamu. Kuku wa Hajati wa kona amelalia kwangu. Leo ni siku ya kumi na nane.

Ilikuwa hivi. Mwezi wa tatu Hajati alinikuta mlangoni jioni, nimeshika shavu. Hakuniuliza kitu. Kesho yake akaja na kikapu kimefunikwa kanga, ndani tetea wa madoadoa ameshaanza kukoroma kwa kutaka kulalia, na mayai kumi na mawili. Nikamwambia, "Hajati, mimi na kuku tumeachana." Akasema, "Mimi sikuulizi. Kwangu paka wamezidi. Vitakavyoanguliwa tutagawana nusu kwa nusu." Akaweka kikapu chini akaenda zake. Unamjua Hajati, hajui kubembeleza mtu.

Nikamtengenezea kuku kiota kwenye sanduku la nyanya, pale nyuma ya mtungi, nikatandika nyasi kavu. Tukamweka Ijumaa usiku, tarehe 27. Ukihesabu siku ishirini na moja ni Ijumaa hii. Ijumaa hii, somo!

Usiku wa saba nilizima taa, nikawasha tochi ya simu, nikaifunika kwa kiganja na kuacha tundu dogo kati ya vidole, nikaweka yai juu yake. Nilikuwa natetemeka. Yai likawa jekundu kama kaa la moto, na ndani mishipa myembamba imetawanyika kama mizizi ya mchicha uliong'olewa sasa hivi, na katikati doa jeusi. Lile doa likatikisika. Nilikaa pale sakafuni na yai mkononi, nadhani nilisahau kupumua. Swaibu akauliza, "Mama, unalia nini?" Nikamwambia moshi.

Mawili yalikuwa meupe tupu, mwanga unapita mpaka ng'ambo. Viza. Nikayatoa. Yamebaki kumi.

Unaona nimekuandikia idadi. Mama yangu, Mungu amrehemu, hakuturuhusu kuhesabu mayai wala vifaranga kwa sauti, wala kuvinyooshea kidole. Tulihesabu kwa kukunja vidole ndani ya kiganja, kimya kimya, kwa kuogopa jicho la husuda. Mpaka leo hakuna aliyesikia ile namba kinywani mwangu, hata Hajati. Wewe ndiye wa kwanza. Nimekuandikia kwa sababu mwaka jana nilikuficha, na kukuficha kumeniumiza kuliko wale kuku.

Tangu usiku ule nimeanza tena kutumaini, lakini si kama zamani. Unakumbuka zamani tulivyokuwa tukitaka makubwa, mimi na duka la matofali pale barabarani, wewe na lori la samaki kutoka Majanji. Sasa naomba vidogo, na naviomba kwa majina. Asubuhi nikikanda unga naomba mteja wa kwanza awe na pesa ndogo, asije na noti ya elfu hamsini nikaanza kuzunguka kutafuta chenji huku chapati inaungua. Naomba mkaa niliochukua usiwe umenyeshewa. Naomba mvua isubiri nguo za shule zikauke. Juzi niliomba yule dereva wa lori anayechukua chapati sita arudi, na alirudi, akachukua nane. Nilifurahi siku nzima, somo, nakuapia.

Mwanzo niliona haya. Nikadhani ni utovu wa adabu kumpelekea Mungu habari za mkaa. Nikamuuliza Shekhe kwenye darasa la akina mama Jumapili, mbele ya wote, Mama Sulaiti akashika mdomo. Shekhe hakunicheka. Akatusomea ile hadithi kwamba mtu amwombe Mola wake haja zake zote, hata kamba ya kiatu chake ikikatika. Kamba ya kiatu! Nikatazama miguuni mwa Swaibu na ile ndara yangu. Tena Mama Sulaiti akauliza habari za kiganja kuwasha na jicho kucheza na bundi, na Shekhe akasema Mtume alikataza watu kuogopa mikosi, lakini alipenda fali njema, yaani mtu kusikia neno zuri na moyo wake ukakunjuka. Nimelishika hilo. Kiganja changu cha kulia kimewasha wiki nzima na sikuandikii hivyo ili ukichukulie kama hundi ya benki, ila kila kikiwasha nasema Alhamdulillahi, halafu nakunja unga.

Nimemkumbuka Mzee wangu sana siku hizi. Unaikumbuka ile baiskeli yake nyeusi, kiti cha nyuma kimeshonwa sponji na kitambaa chekundu? Miaka yake yote alibeba watu na mizigo kutoka mpaka hadi mpaka, kabla pikipiki hazijajaa, zile "boda boda" ambazo sasa dunia nzima inaziita hivyo na vijana wengi hawajui kwamba jina lilitoka kwa wazee kama yeye waliokuwa wakiitia abiria hapa mpakani. Sarafu ya kwanza ya siku aliigusisha kwenye paji la uso, akaifunga kwenye pembe ya leso, na haikufunguliwa mpaka magharibi. Tukiwa na njaa mchana tunaijua iko pale na hatuthubutu. Magharibi anaifungua, ananunua mkate mmoja, anaukata mwenyewe. Sikuwahi kumuuliza maana yake. Sasa ninafanya hivyo na mia tano ya kwanza. Naifunga kwenye kanga, na mchana nikiinama inanigonga kwenye paja, nakumbuka kwamba siku imeshafunguliwa.

Halafu kumbikumbi. Hii nilitaka nikusimulie kwa simu, lakini acha niiandike. Wiki iliyopita ilinyesha mvua kubwa mchana, jioni kukatulia, hewa nzito, na kile kichuguu cha nyuma ya kwa Baba Faisal kikaanza kutoa. Tuliweka beseni la maji chini ya ile taa yake ya ukutani, tukatandaza shuka. Walikuja kama mtu amemwaga pumba kutoka mbinguni. Watoto wa mtaa mzima wakiwa wameshika mifuko, wengine wanawala wabichi na mbawa zao, mbawa zimewaganda mashavuni. Tuliwakaanga bila mafuta, chumvi kidogo, tukawaanika, tukawapepeta. Usiku wa pili tena wakatoka. Baba Faisal alisema taa ni yake lakini riziki ni ya Mungu, akachukua ndoo moja tu. Niliuza vikombe ishirini na vitano, kila kikombe elfu mbili.

Kwa hiyo leo asubuhi nimekutumia elfu hamsini kwenye simu. Utakuwa umeuona ujumbe ukashangaa. Ni mwanzo wa deni, bado laki na nusu, na sitaki uirudishe. Nakujua. Usiirudishe, somo, tafadhali. Nimeitumia ikiwa bado ina harufu ya kumbikumbi.

Narudi kwa kuku, maana ndiye aliyenikalia kichwani. Siku hizi tatu za mwisho hatakiwi kusumbuliwa. Leo ametoka mara moja tu, amekula mahindi machache, amekunywa, amejikung'uta, amerudi mbio. Nikisogea anavimba anakuwa mkubwa kama jogoo. Jana usiku radi ilipiga mpaka mabati yakalia, na watu huku wanasema radi huua vifaranga ndani ya yai. Hajati alishaweka kipande cha mkaa chini ya nyasi kwa ajili hiyo. Sijui kama Shekhe angependa, lakini kuku ni wa Hajati, nimekiacha. Mimi nilikaa macho nikisoma Kursi mpaka ilipotulia. Paa linavuja upande ule, nimeegesha bati, na nimeamka mara tatu kupapasa kama nyasi zimelowa. Hazikulowa.

Mama Sulaiti ananiambia nisitie moyo sana, wakianguliwa watano nishukuru. Kweli, wakianguliwa watano nitashukuru. Lakini sitaki kuomba watano ili nisivunjike moyo. Nimeomba kumi. Nimeona yale madoa yanatikisika, nitaombaje watano? Nichague yupi nisimwombee?

Sasa nina haja kwako, na si ya pesa. Kaka yako daktari wa mifugo bado yuko hapo Arua? Muulize kwa niaba yangu kifaranga aanze kuchanjwa kideri akiwa na umri gani, ile chanjo ya tone la jichoni. Najua inarudiwa kila miezi mitatu. Hapa kila ninayemuuliza anataja siku tofauti. Na chupa moja inatosha kuku wengi sana, tena ikishachanganywa haikai, kwa hiyo mtu mmoja mwenye kuku kumi anaona hasara, anaacha, ndivyo nilivyofanya mimi. Safari hii nimepita nyumba kwa nyumba, tumekuwa nyumba sita. Kwa Baba Faisal pia, na yule mama wa Bugiri aliyehamia juzi. Tutachanga, siku moja, chupa moja, wote asubuhi na mapema kabla jua halijawa kali. Mwambie kaka aniandikie yote anayoyajua, hata madogo. Hasa madogo.

Haja ya pili ni dua. Alhamisi usiku ukiinuka kwa tahajudi, wataje. Sema tu "wale wa Busia."

Na wewe? Nimejaza karatasi kwa yangu. Zaituni alianza sekondari? Mlipata nafasi ile shule ya bweni au alibaki karibu? Jiko lenu liliezekwa? Yule mpangaji aliyekuwa akikusumbua aliondoka kwa amani? Je, ulinikasirikia Desemba, au uliogopa nimekufa? Siku hizi wewe unaomba nini ukiwa kwenye sijida, kitu kidogo kabisa, kile ambacho huwezi kumwambia mtu mwingine? Niandikie, nikuombee na mimi. Idi kubwa ni mwishoni mwa mwezi ujao, unaweza kuja? Basi la Arua mpaka Kampala, halafu matatu ya Busia, na nitakungojea stendi hata ikiwa usiku. Utalala kitandani, mimi na Swaibu tuna mkeka.

Giza limeingia na mawingu yanakusanyika tena upande wa ziwa. Acha nikatazame bati. Ijumaa nitakupigia mimi, somo. Ukiona jina langu ushike, hata kama ni alfajiri.

Wako,
Mama Swaibu