Wenye stationari, hamisheni faili kabla ya kuapdeti

Mhariri, naomba nafasi kwenye gazeti lenu niongee na wenzangu wa stationari na wote tunaodizaini kadi, kalenda na vitabu kwa kompyuta, maana hili jambo linatumaliza kimya kimya.

Mimi nafanyia kazi Kariakoo, laptopu yangu ni MacBook Pro ya 2012 na ilikuwa na InDesign CS6, programu ya kupangia kurasa, toleo la mwisho ambalo kampuni ya Adobe waliliuza unalipa mara moja inakuwa yako. Mwezi uliopita nikaipeleka kwa fundi aongeze RAM tu, basi, yeye kaona mashine ya siku nyingi akaniwekea na Catalina, mfumo endeshi wa Mac, bila kuniuliza. Kesho yake asubuhi mteja kakaa kwenye benchi anasubiri kalenda ya kikundi chao cha kuweka na kukopa, nabofya haifunguki, nabofya tena wapi. Catalina iliyotoka 2019 ilizikataa kabisa programu za biti 32, yaani zile za muundo wa zamani, na InDesign CS6 ni ya biti 32, kwahiyo hapo hata ukeshe haiwaki.

Mtu ataniambia si ulipie ya kila mwezi kama wenzio. Sawa, ila tuelewane tunacholipia. Tangu Mei 2013 Adobe walipotangaza kwamba matoleo mapya ni ya Creative Cloud tu, yaani huduma yao ya kulipia kila mwezi, wewe ni mpangaji. Toleo jipya linataka mfumo mpya ambao mashine yako kuukuu haiupokei, na lile la zamani ambalo mashine ingelimudu hulipati tena kudaunlodi, wanakuachia la sasa na moja la nyuma yake. Halafu Mei 2019 wakawaandikia wateja wenye matoleo ya nyuma ya Creative Cloud kwamba leseni ya matoleo hayo imekwisha, wakiendelea kuyatumia kampuni nyingine inaweza kuwadai. Na hao ni watu wanaolipia jamani, siyo wa kopi za kuchoma! Iliniuma sana nilipoisoma ile habari.

Sasa ile kalenda nikaipeleka kwa jirani anayelipia, mashine yake mpya kabisa. Ikafunguka, lakini majina ya miezi yote yamepakwa rangi ya pinki, maana fonti nilizotumia ni zile za Type 1, aina ya fonti ya zamani, na InDesign iliacha kuzisoma mwanzoni mwa 2023. Ikaweka fonti yake, herufi zikawa pana, Jumatano ikakatika katikati nusu ikashukia mstari wa chini, miezi 12 yote hivyohivyo. Na ukishaisevu kule, CS6 haiifungui tena mpaka uitoe kwa IDML, aina ya faili ambayo hata toleo la zamani linaifungua.

Kwahiyo ndugu zangu, kabla hamjagusa apdeti wala kununua mashine nyingine, kaeni jioni moja mfungue kazi zenu za zamani moja moja, kila moja itoeni IDML na PDF, fonti zake wekeni folda hiyohiyo, zile za Type 1 tafuteni mbadala wake mapema wakati bado mnaona ilivyokuwa. Mkabidhini na mteja kopi yake, kazi ni ya kwake. Anayeanza sasa ajifunze na Inkscape ya kuchorea na Scribus ya kupangia kurasa, ni za bure na hazimdai mtu leseni kila mwezi.

Na nyie mafundi, tunawaheshimu, mnatutoa sehemu nyingi, lakini mtu akikuletea mashine ya kazi muulize kwanza anatumia programu gani humo ndani. Swali moja tu! Kwangu kutouliza kumenigharimu usiku mbili za kupanga kalenda upya tarehe kwa tarehe, na mteja nimempunguzia bei kwa kumchelewesha.

Mchapaji, Kariakoo, Dar es Salaam