Gia za gari la umeme, na tunachofundisha kabla mteja hajashika barabara ya Lindi

Wateja wengi wanaotupigia simu kuuliza kuhusu mafunzo ya gari la umeme huanza na hoja ileile: gari lenyewe halina gia, sasa kuna nini cha kufundishwa? Hoja hiyo ina nusu ya ukweli. Mtu aliyehangaika na klachi kwenye kona za Magomeni, gari likimzimikia huku bajaji zikimpigia honi kwa nyuma, atakaa kwenye gari la umeme na kuondoka siku hiyohiyo bila kuzimikiwa. Hata hivyo, shule yetu ya udereva hapa Mtwara imeyatengea mafunzo haya saa zake, kwa sababu gari la injini humwambia dereva linachofanya kwa sauti na mtikisiko, ilhali gari la umeme hukaa kimya. Kazi iliyokuwa ya sikio na mguu wa kushoto inahamia kwenye jicho na mguu wa kulia, na dereva asiyefundishwa kuihamisha hugundua hivyo akiwa tayari barabarani.

Tuanze na gia zenyewe. Injini ya petroli haina nguvu ya kuliondoa gari ikiwa imesimama. Ni lazima kwanza izunguke, na nguvu yake ya maana hupatikana ndani ya mizunguko michache, tuseme kati ya 1,500 na 6,000 kwa dakika. Ndiyo maana ikahitaji klachi ya kuitenganisha na magurudumu, na gia tano au sita za kuifanya ibaki ndani ya eneo hilo gari likiwa mwendo mdogo au mkubwa. Mota ya umeme huvuta kwa nguvu zake zote tangu mzunguko wa kwanza, na huweza kufika mizunguko 10,000 kwa dakika bila kulalamika, kwa hiyo hutosheka na uwiano mmoja tu. Katika Nissan Leaf, gari ambalo wateja wetu hutuuliza zaidi kwa kuwa huagizwa likiwa limetumika Japani na usukani wake uko upande wa kulia, mota huzunguka karibu mara nane kwa kila mzunguko mmoja wa gurudumu, na uwiano huo haubadiliki iwe unatoka getini au uko kilomita 100 kwa saa. Hata rivasi haina gia yake; mota hugeuzwa tu izunguke upande wa pili.

Kwa maneno mengine, kile kishikio kilicho katikati ya viti hakichagui nguvu, kinachagua uelekeo. Hapo ndipo makosa mengi ya wanafunzi huanzia, na hapo ndipo tunapotumia muda mwingi kuliko mahali pengine. Kwenye gari la otomatiki la kawaida, mkono ukikipeleka kishikio kwenye D (kwenda mbele) hubaki D, na dereva mzoefu huweza kukipapasa bila kukiangalia akajua gari liko wapi. Kwenye Leaf, kishikio ni kifundo kidogo cha duara ambacho unakisukuma pembeni kisha nyuma kupata D, au pembeni kisha mbele kupata R (rivasi), na ukikiachia hurudi katikati. Mkono ukikigusa tena hauwezi kujua lolote. P, ya kuegesha, nayo ni kitufe kilicho juu ya kifundo hichohicho. Kwa hiyo tunamtaka mwanafunzi afanye mambo manne kwa mpangilio, na ayatamke kwa sauti mpaka yamzoee: mguu kwenye breki, kifundo, macho kwenye dashibodi kusoma herufi iliyowaka, ndipo mguu uachie breki. Asiyesoma herufi hatumruhusu aondoke, hata kama amepatia. Anayegeuza gari kwenye uwanja mwembamba, mbele, nyuma, mbele tena, ndiye anayeshawishika kuruka hatua ya tatu, na ukuta wa jirani hauko mbali. Gari pia lisimame kabisa kabla ya kubadili uelekeo. Ukijaribu kuingiza R likiwa bado linasogea mbele, litapiga mlio na kukataa au litakuweka fri, na wewe utakuwa unakanyaga pedali huku ukishangaa kwa nini haliendi.

Kuna jambo dogo linalohusiana na hilo. Gari la umeme haliungurumi linapowashwa. Unakanyaga breki, unabonyeza kitufe cha kuwasha, na kinachotokea ni taa ndogo ya kijani yenye umbo la gari lenye mishale kuwaka kwenye dashibodi. Taa hiyo ikiwaka, gari liko tayari kuondoka, hata kama feni haisikiki na sindano zimetulia. Tumeona mtu akishuka dukani kununua maji, funguo mfukoni, akiamini amezima gari kwa sababu tu limekuwa kimya, na ndani amemwacha mtoto kiti cha mbele. Mpangilio wa kushuka nao tunaufundisha: P, hendibreki, kitufe cha kuzima, kisha kuhakikisha taa ya kijani imezimika, ndipo mlango ufunguliwe.

Sasa mguu wa kulia. Unapoachia pedali ya mwendo, mota hugeuka jenereta, hurudisha umeme kwenye betri, na gari hupungua mwendo. Katika matoleo mengi ya Leaf, ukisukuma kifundo kwa mara ya pili kuelekea D unapata B, ambayo hupunguza mwendo kwa nguvu zaidi, na matoleo yaliyoanza 2017 yana swichi inayomwezesha dereva kusimamisha gari kabisa kwa kuinua mguu tu. Ni raha, hasa kwenye matuta ya barabara ya Mikindani. Lakini sisi huanza kumfundisha mwanafunzi swichi hiyo ikiwa imezimwa, na katika hili huwa hatubishani na mteja hata akisema gari ni lake. Mtu aliyezoea kusimama kwa kuinua mguu husahau breki iko wapi, na siku mbuzi atakapokatiza ghafla Naliendele, kuinua mguu hakutatosha. Itabidi breki ikanyagwe mpaka mwisho. Akishaweza breki, swichi tunamwashia.

Tunasisitiza pia kwamba anayekufuata hajui kuwa umeinua mguu. Si kila gari huwasha taa za nyuma linapopunguza mwendo kwa B, na bodaboda aliyekuganda nyuma anasubiri kuona taa nyekundu. Gusa breki kidogo ili awashiwe.

Mteremko una somo lake. Wateja wa Newala na Tandahimba wameshazoea kuambiwa washuke uwanda wa juu wa Makonde kwa gia ya pili ili injini ishikilie gari. Kwenye gari la umeme kazi hiyo hufanywa na B, kwa sharti moja ambalo wauzaji huwa hawalisemi: betri iliyojaa haina mahali pa kuweka umeme unaorudishwa. Ukilaza gari Newala kwenye chaji, ukaamka likiwa limejaa asilimia 100 na kuanza kushuka kuelekea Masasi, B haitashika kama ulivyozoea, na gari litakuponyoka mwendo mapema. Ukijua safari inaanzia juu, chomoa waya chaji ikiwa asilimia 80 au 85, na ushuke ukiwa tayari na breki ya mguu. Na kwa kuwa breki za mguu hutumika kidogo kwenye magari haya, diski zake hushika kutu upesi kwa hewa yetu ya chumvi. Mara mojamoja, barabara ikiwa tupu, weka fri na ufunge breki sawasawa ili zisafishike.

Kuhusu mchanga tuseme kwa ufupi: betri peke yake ya Leaf ya kwanza ina uzito wa karibu kilo 300, na mota huvuta papo hapo, hivyo ukikanyaga kwa pupa kwenye vichochoro vya mchanga magurudumu ya mbele yatajichimbia shimo. Kanyaga taratibu.

Ukimya, ambao wanunuzi huusifu, ni hatari kwa watembea kwa miguu. Ulaya imelazimisha magari mapya yote ya umeme kutoa mlio yakiwa mwendo mdogo tangu 2021, lakini mengi yanayotufikia ni ya kabla ya hapo, na mengine yana swichi ya kuzima mlio huo. Iacheni ikiwa imewashwa. Sokoni, mama aliyebeba ndoo ya samaki kichwani hageuki nyuma kuangalia gari asilolisikia, na mwenye baiskeli hukatiza kwa kusikiliza.

Swali la umbali huja karibu kila mara: je, nitafika Lindi? Kutoka Mtwara mjini hadi Lindi ni zaidi ya kilomita 100. Vipimo rasmi vya Marekani viliipa Leaf ya 2011, yenye betri ya kilowati-saa 24, kilomita 117 ikiwa mpya kabisa, na ya 2018 yenye kilowati-saa 40 vikaipa kilomita 243. Gari la miaka kumi na zaidi haliko tena katika hali hiyo. Pembeni mwa kipimo cha chaji kuna vijistari 12 vinavyoonyesha afya ya betri. Kikipotea cha kwanza, betri imeshapoteza takriban asilimia 15 ya uwezo wake. Betri ya Leaf hizi zilizotumika haina mfumo wa kuipoza kwa maji, kwa hiyo joto la pwani linaizeesha. Liegeshe kivulini na usiliache siku nzima likiwa limejaa. Kwa mtazamo wetu, Leaf ya kilowati-saa 24 iliyobakiwa na vijistari tisa ni gari la Mtwara mjini, Mikindani na Naliendele, na anayeliuza akikuambia litakufikisha Mnazi Mmoja ya Lindi na kurudi, mwombe akupeleke yeye.

Chaji ya nyumbani kwenye soketi ya kawaida ya volti 230 hutoa kama kilowati 2.3, hivyo betri hiyo ya kilowati-saa 24 ikiwa tupu huhitaji zaidi ya saa 10. Saa 10 za mzigo mzito si sawa na kupiga pasi. Usitumie ekstensheni, na baada ya saa moja gusa plagi: ikiwa ya moto, chomoa na umwite fundi. Kifaa kilicho katikati ya waya wa kuchajia hupima kwanza waya wa ethi, na kikikosa ethi nzuri hukataa kazi na kuwasha taa nyekundu. Nyumba nyingi za kwetu zimejengwa juu ya mchanga mkavu, ambao haupitishi umeme vizuri, kwa hiyo mwombe fundi apime ethi kabla gari halijafika, na Luku iwe na uniti za kutosha usiku huo.

Gari likigoma, usiruhusu vijana walisukume liwake. Halina namna ya kuwashwa hivyo. Mara nyingi tatizo ni betri ndogo ya volti 12, ambayo ikiisha gari haliwaki hata kama betri kubwa imejaa. Nyaya za rangi ya chungwa zina volti za kuua na si za fundi wa kawaida. Usilivute kwa kamba magurudumu ya mbele yakiwa chini, kwa sababu yakizunguka mota huzalisha umeme na kuunguza vifaa. Ama yainuliwe, ama gari lipakiwe juu ya lori.

Kwa anayetafuta kazi ya udereva, ushauri wetu bado ni kuanza na gia za mkono, kwani malori ya korosho na ya makaa ya mawe yanayoshuka bandarini yanamhitaji mtu anayejua klachi. Kwa mwenye gari lake la umeme, tunafundishia gari hilohilo. Njoo na leseni ya kujifunzia, waya wa kuchajia, na chaji isiyopungua nusu. Saa za kwanza hufanyika uwanjani asubuhi, na barabara ya Mikindani hufuata pale mwalimu atakaporidhika kwamba macho yanasoma herufi kabla mguu haujaachia breki.