Ngitili si mapori matupu

Ndugu Mhariri,

Miti ya asili ya Shinyanga haikuisha kwa ukame peke yake. Wakati wa ukoloni misitu ilifyekwa ili kuangamiza mbung'o, kisha mashamba ya pamba yakaendelea kuitafuna. Wasukuma, hata hivyo, walikuwa na ngitili zao, maeneo yaliyofungwa mvua zinapoanza ili nyasi zikue chini ya migunga, yakafunguliwa kiangazi ng'ombe wanapokosa malisho, na humo watu wakapata kuni, dawa na matunda. Mradi wa HASHI (Hifadhi Ardhi Shinyanga), ulioanza mwaka 1986, ulizifufua kwa kufuata maarifa hayo ya wazee, ambao bado hatujawashukuru vya kutosha. Nawasihi wanaopima ardhi leo waziingize ngitili katika mipango ya matumizi ya ardhi ya vijiji.

Msomaji wako,
Shinyanga