Yule kapteni hakuwa anakwenda vitani

Ndugu Mhariri,

Wiki mbili zilizopita mlichapisha ule mchoro mkubwa wa Rembrandt, mchoraji wa Uholanzi wa karne ya 17, uitwao "Ulinzi wa Usiku" (The Night Watch), na chini yake mkaandika "Askari wakitoka kwenda vitani usiku." Si askari, si vitani, wala si usiku. Mimi ni mpiga picha, studio yangu iko Barabara ya 8 hapa Ngamiani, Tanga, tangu enzi za filamu. Mwaka jana nilikwenda Uholanzi kumsalimia binti yangu, nikasimama mbele ya mchoro huo Rijksmuseum, Amsterdam, mpaka wajukuu wakaanza kulia njaa.

Usiku mnaouona ni vanishi iliyopiga weusi; walipoitoa baada ya Vita Kuu ya Pili, mchana ukatokeza. Na wale watu ni mgambo wa mji, watu wenye biashara zao, waliotaka picha ya kutundika ukumbini kwao mwaka 1642. Wakachangishana. Mmoja wao alikuja kutoa ushahidi baadaye kwamba mchango ulikuwa kama gilda 100, fedha ya Uholanzi ya zamani, kwa kichwa, huyu akizidisha, yule akipunguza, kutegemea amewekwa wapi. Binti yangu aliponisomea hayo nilicheka kwa sauti, mlinzi akageuka kunitazama. Nimewahi kurudishiwa picha ya chama cha kufa na kuzikana na mtu aliyetaka hela yake, eti kiwiko cha katibu kimemziba pua. Sasa angemwona yule wa upande wa kulia kwa Rembrandt, ambaye mkono wa mwenzake umemla nusu ya uso, na amelipa!

Aliyepata thamani ya pesa yake ni kapteni, Frans Banninck Cocq. Baba yake alikuwa muuza dawa, mhamiaji kutoka Bremen. Hilo Banninck amelichukua kwa mama, maana ukoo wa mama ndio uliojulikana mjini. Akasomea sheria. Mwaka 1630 akamwoa Maria, binti wa Volkert Overlander aliyewahi kuwa meya, na mzee alipofariki, mkwe akaingia kwenye umwinyi, yaani ubwana, wa vijiji vya Purmerland na Ilpendam. Umwinyi wenyewe mzee alikuwa ameununua.

Binti yangu anakaa Purmerend, na basi la kwenda Amsterdam hupita hapo Ilpendam. Mitaro ya maji, majani, ng'ombe wa madoa, kituo, basi limeshapita. Kasri lilikuwapo, likabomolewa karne ya 19. Kila tulipopita nilimwambia mjukuu wangu: hapa ndipo mtoto wa muuza dawa alipopatia ubwana.

Lakini nataka mtazame mkono wake wa kushoto. Kapteni amevaa nyeusi, mshipi mwekundu kifuani, kola ya lesi, mdomo wazi kidogo kama anayetoa amri. Pembeni yake luteni, Willem van Ruytenburch, mfupi, amevaa manjano inayong'aa, amemgeuzia uso kumsikiliza. Ule mkono umenyooshwa mbele, na kivuli chake kimeangukia koti la luteni, chini kwenye pindo, mahali ilipodariziwa nembo ya mji wa Amsterdam. Vidole vya kivuli vimeishika nembo. Mimi nimehangaika na taa miaka mingi, najua kivuli kama kile hakiangukii pale kwa bahati. Wengine watasema ni mwanga tu. Haya. Mwaka 1650 kapteni akawa meya.

Nasikia wapo waliowahi kusema wenye picha hawakuipenda. Huyu aliipenda. Ipo nakala ndogo iliyochorwa na Gerrit Lundens, inayosemekana ilikuwa yake, na tushukuru, kwa sababu mwaka 1715 mchoro ulihamishiwa jumba la mji, ukakatwa kingo ili uenee ukutani, na ni nakala hiyo inayotuonyesha kilichopotea. Akatengenezewa na nakala nyingine ya mchoro huo, ya rangi za maji, kwenye albamu ya familia. Ndiyo, albamu, kama zile wanazoniagiza maharusi.

Kwa hiyo, Mhariri, mkiichapisha tena msihangaike kutunga maelezo. Yaliyoandikwa kwenye albamu yake yapo, na nayatoa kwa Kiswahili changu: bwana mdogo wa Purmerland, akiwa kapteni, anamwamuru luteni wake, bwana wa Vlaardingen, awatoe raia wa kikosi chake waanze kutembea. Bwana wa Vlaardingen ndiye huyo Ruytenburch, wa ukoo wa wauza viungo. Hakuna Cocq, hakuna Ruytenburch, na wale waliochanga gilda zao wameandikwa "raia."

Fundi Picha,
Ngamiani, Tanga